"Haleluya" ya Handel lazima iwe D? Mpiga kinanda wetu kagoma kushusha

#1 Besi_Mzito
Habari za jioni wadau. Nafundisha kwaya ya usharika, tunajiandaa na Pasaka, na mwaka huu tumejitosa kwenye "Haleluya" ya Handel. Karatasi mnazijua: zile za do-re-mi zilizopigwa fotokopi juu ya fotokopi mpaka "f" na "t" huzitofautishi bila kuuliza jirani. Juu kushoto imeandikwa Do ni D.

Shida yangu ni sauti ya kwanza. Pale penye "Mfalme wa wafalme" wanapanda ngazi moja moja: D, E, F shapu, halafu G ya juu wanaishikilia. Hiyo G haitoki kama ya malaika. Inatoka kama ya mtu aliyekanyaga mwiba. Nikasema basi tushushe toni moja tu, Do iwe C, watu wapumue.

Mpiga kinanda wetu akazima kinanda. Akasema Haleluya ya C si Haleluya, ni tangazo la msiba. Eti D meja, yaani Do ikiwa D, ndiyo ufunguo wa ushindi, watunzi wote wakubwa walilijua hilo, na mimi naharibu kazi ya watu. Mazoezi yakaishia hapo.

Nauliza waliosoma: hili lina ukweli, au ni maringo ya wanaojua noti za mistari mitano? Kwa sisi wa do-re-mi, Do ni Do tu, ukiiweka popote wimbo ni uleule. Nawasilisha.

#2 Nimekaa_Pale
Naweka kigoda changu. Ugomvi wa wanakwaya huwa hauna mshindi ila ni mtamu.

#3 NyuziNne
Mimi napiga fidla, Nairobi. Mpiga kinanda wako ana hoja, ila yeye ndiye wa mwisho kupaswa kuitoa, maana kwenye kinanda cha umeme D na C ni vibao tu.

Fidla ina nyuzi nne: G, D, A, E. D meja ina shapu mbili (noti zilizopandishwa nusu toni), F na C. Nguzo tatu za ufunguo huo, yaani do, fa na so, ni D, G na A. Zote tatu ni nyuzi zilizo wazi, hazihitaji kidole. Sasa fanya jaribio: bonyeza D kwenye uzi wa A, piga kwa upinde, halafu tazama uzi wa D ambao hujaugusa. Unatetemeka wenyewe. Ubao mzima unaitikia. Viola na selo nazo zina G, D na A. Besi kubwa vilevile. Okestra nzima ya nyuzi ikipiga D meja ni kama nyumba iliyofunguliwa madirisha yote.

Ndiyo maana ukitazama konseto kubwa za fidla (fidla moja ikiongoza, okestra ikimsindikiza) unakutana na D kila kona. Beethoven, 1806, D. Brahms na Tchaikovsky waliandika za kwao mwaka mmoja, 1878, kila mtu kwao, wote D. Brahms mwenyewe alikuwa mpiga piano, lakini aliyekuwa akimshauri ni Joachim, mpiga fidla.

Ila anayenifurahisha ni Paganini, mpiga fidla na mtunzi. Konseto yake ya kwanza, kama alivyoiandika, okestra inasikika E flati (E iliyoshushwa nusu toni). Yeye alikaza nyuzi zote za fidla yake nusu toni juu, kisha akapiga vidole vya D meja. Wenzake wanapapasa ufunguo wa flati tatu ambao nguzo zake hazina hata uzi mmoja wazi, yeye fidla inawika. Mjanja wa mjini.

#4 Besi_Mzito
Asante dada (au kaka, samahani). Nimeelewa habari ya nyuzi. Lakini kwaya yangu haina fidla, ina makoo. Koo halina uzi wa D. Kwa hiyo kwetu hoja imekufa?

#5 NyuziNne
Dada. Na ndiyo, kwa koo peke yake imekufa. Lakini Handel hakuandikia makoo peke yake. Aje mtu wa tarumbeta aeleze.

#6 Vibonyezo_Vitatu
Nimeitwa. Mimi ni wa matarumbeta, KKKT, huku kaskazini tumekua nayo toka utotoni. Mkuu Besi, fungu la D liko kwetu kuliko hata kwenye nyuzi.

Tarumbeta la enzi za Handel halikuwa na vibonyezo. Ni bomba la zaidi ya mita mbili lililokunjwa, basi. Sauti inabadilishwa kwa midomo na pumzi, na bomba linatoa zile noti lilizojaliwa tu. Huku chini noti zimeachana sana, kama ngazi iliyong'oka vidato: unapata do, so, do, mi, so. Ukitaka wimbo wenye noti zinazofuatana lazima upande juu kabisa ambako vidato vinakaribiana. Ndiyo maana matarumbeta ya wakati ule yanalia juu, yanameta.

Bomba likikatwa kwa urefu wa D, ni la D. Huwezi kuliambia lipige E flati. Na timpani, zile ngoma za okestra, zilikuwa mbili, moja D, moja A. Kwa hiyo mtunzi hakuwa anakaa na kujiuliza "leo nijisikie ufunguo gani". Alikuwa anauliza: wapiga tarumbeta wapo? Wapo. Basi ni D. Vibonyezo vimekuja kusajiliwa Ujerumani 1818, Handel ameshalala kaburini karibu miaka 60.

Sasa angalia alivyowatumia. Messiah, kazi nzima ambayo Haleluya imo ndani yake, aliiandika kwa siku 24 mwaka 1741, ikaimbwa mara ya kwanza Dublin tarehe 13 Aprili 1742. Kazi ya zaidi ya saa mbili. Matarumbeta yanasikika wapi? Malaika wanapowatokea wachungaji, tena hapo ameagiza yapigwe kwa mbali na kwa upole. Kwenye Haleluya. Kwenye "tarumbeta litalia". Na kwaya za kufungia. Kwisha. Sehemu hizo zote ni D meja. Timpani ndiyo kabisa, zinakaa kimya mpaka Haleluya. Mtu amekaa kanisani saa nzima na zaidi anasikiliza nyuzi na sauti, ghafla shaba na ngoma vinaingia pamoja. Wewe unaona ushindi unatoka kwenye herufi D. Unatoka kwenye kuwekewa akiba.

#7 Gitaa_Kavu
D ndiyo kodi ya kwanza niliyofundishwa kwenye gitaa. Na ndiyo kodi pekee ninayoilipa kwa wakati.

#8 Nimekaa_Pale
😂😂 Mwenye nyumba wako yumo humu?

#9 Juu_ya_Mstari
Mimi ni sauti ya kwanza, si ya kwaya hiyo lakini nimeumia kwa niaba. "Aliyekanyaga mwiba." Sawa mwalimu. Na besi zenu zinazoanza wimbo D zikamaliza C huku kila mtu akijifanya hajasikia, hizo zimekanyaga nini?

Tatizo si G. G tunayo. Tatizo ni kuishikilia wakati sauti nyingine tatu zinarukaruka "milele na milele, haleluya haleluya" chini yako, na ukishuka mwalimu anakukazia macho. Wape pumzi kwa zamu, wengine wavute hewa katikati ya neno, wengine mwishoni. Utashangaa G itakavyotulia.

#10 Besi_Mzito
Nimekoma dada yangu. Hilo la pumzi kwa zamu nalichukua.

#11 Msomi_wa_Bure
Niongeze ya vitabuni, maana mpiga kinanda wa mleta uzi hakulitoa hewani hilo la "ufunguo wa ushindi".

Mfaransa Marc-Antoine Charpentier aliacha orodha ya funguo na tabia zake, mwishoni mwa miaka ya 1600. D meja akaipa sifa mbili: ya furaha, na ya kivita sana. Na Te Deum yake maarufu ni D, ina matarumbeta na timpani. Utangulizi wake ndio ule unaopigwa matangazo ya runinga ya Ulaya, Eurovision, yanapoanza. Baadaye Mjerumani Schubart, aliyefungwa miaka kumi kwenye ngome ya Hohenasperg bila hata kesi, akatunga huko gerezani maelezo ya kila ufunguo. Kitabu kilichapwa 1806, yeye ameshakufa. D kwake ni ufunguo wa ushindi, wa haleluya, wa kelele za vita. Ndiyo, neno haleluya limo.

Ila tuwe wakweli: Handel alifariki 1759. Schubart hakuwa anatoa sheria, alikuwa anaeleza alichokwisha kukisikia makanisani na mabarazani. Watu wamepiga ushindi kwa D miaka mia kwa sababu ya yale mabomba ya ndugu yetu hapo juu, halafu mwandishi anakuja kusema D ina roho ya ushindi. Ni kama kusema sare ya harusi ndiyo inayoleta ndoa.

Mfano mzuri ni Bach. Ile Misa yake kubwa inaitwa ya B maina, lakini ihesabu: sehemu za D meja ni nyingi kuliko za B maina. Gloria D, Sanctus D, mwisho D, kila penye shaba na shangwe. Na hiki kitamfaa mleta uzi: Magnificat yake Bach aliiandika kwanza E flati, 1723. Miaka kumi baadaye akaishusha nusu toni kuwa D. Akaishusha mwenyewe, kwa mkono wake, na dunia yote leo inaimba hiyo iliyoshushwa.

#12 Besi_Mzito
NAOMBA NIMTUMIE MPIGA KINANDA HII SASA HIVI.

#13 Msomi_wa_Bure
Mtumie, ila akikujibu kwamba Bach alishusha KUJA D, si KUTOKA D, mimi simo.

#14 Parokia_Kwaya_2
Kwa Wakatoliki wenzangu: mbona hakuna aliyetaja Ave verum corpus ya Mozart? Ni D meja. Aliitunga Juni 1791, miezi michache kabla hajafariki, kwa rafiki yake aliyekuwa akiongoza kwaya huko Baden. Vipimo 46 tu. Hakuna tarumbeta, hakuna timpani, nyuzi na ogani kwa sauti ya chini, kwaya karibu kunong'ona. Sisi tunaiimba wakati wa komunyo na sijawahi kuona mtu akipiga kelele za vita.

Mozart huyohuyo, akitaka vurugu, anatumia D hiyohiyo: ufunguzi wa opera yake ya Figaro, ule unaokimbia kama kuku aliyeona mwewe. Kwa hiyo ufunguo mmoja unabeba komunyo na vichekesho. Hiyo "tabia ya ufunguo" iko wapi?

#15 NyuziNne
Iko kwenye nyuzi, narudia. Hata Ave verum, zile fidla ukizisikiliza zinavuma kwa chini, laini, hazikabwi. D haisemi "shangilia". Inachosema ni "nimefunguka". Unachokifanya na mlango uliofunguka ni juu yako. Beethoven kwenye konseto yake ya fidla anaanza na pigo nne laini za timpani, noti moja, D, hakuna chombo kingine. Timpani, ngoma ya vita, inabisha hodi kwa adabu. Mtu wa D ya ushindi angeanza hivyo?

Halafu huyohuyo, Simfoni ya Tisa, 1824: inaanza D maina, giza tupu, na wimbo wa furaha unapoingia mwishoni ni D meja. Unaingia kwa selo na besi kubwa peke yake, chini kabisa, bila hamonia. Ushindi unaoanzia sebuleni.

#16 Rangi_za_Sauti
Nyie mnabishana nyuzi na mabomba, mimi niwape kisa. Watunzi watatu Warusi wamekaa Paris: Rimsky-Korsakov, Scriabin na Rachmaninov. Wawili wa kwanza wanasema kila ufunguo una rangi yake na wao wanaiona. Rachmaninov haamini. Anawauliza, mbona hamkubaliani? Ni kweli: E flati mmoja anaiona bluu, mwingine nyekundu ya zambarau. Lakini ikifika D meja wote wawili wanasema dhahabu.

Rachmaninov bado anacheka. Rimsky-Korsakov anamgeukia: opera yako ya Bwana Bahili, pale mzee anapofungua masanduku yake na dhahabu inang'aa kwenye mwanga wa mienge, umeandika ufunguo gani?

D meja.

Scriabin akammalizia kwamba silika yake imefuata sheria anazozikana mdomoni. Kisa kimesimuliwa na Rachmaninov mwenyewe, yaani aliyeshindwa hoja ndiye aliyekitangaza.

#17 Msomi_wa_Bure
Kisa kitamu, nakikubali. Lakini Rachmaninov alikua akisikia shaba ikimeta kwa D toka mtoto. Akitaka dhahabu, mkono utaenda wapi?

#18 Juu_ya_Mstari
Aende C mbona. Kuna mtu amesahau "Mbingu zauhubiri utukufu wa Mungu" ya Haydn? Ile kwaya ya kwenye Uumbaji, 1798, ni C meja, na hakuna aliyewahi kuiita tangazo la msiba. Huko Vienna matarumbeta ya C yalikuwa ya kawaida kabisa, misa ngapi za Haydn na Mozart ni C. Mwambieni huyo mpiga kinanda.

#19 Vibonyezo_Vitatu
Hapo dada umepiga penyewe. C na D zote zilikuwa nyumbani kwa shaba. Ila sasa niwaambie siri: matarumbeta ya leo, mengi ni ya B flati. Ukitaka isikike D, vidole vyangu vinapiga E meja, shapu nne. Wenzangu wakiona shapu nne wanaanza kuuliza kama chai ipo. Ufunguo wa ushindi kwetu siku hizi ni B flati, E flati, hizo ndizo zinazokaa mkononi. D ya Handel ilikuwa raha ya mpiga tarumbeta wa 1742. Kwa mjukuu wake ni adhabu.

#20 Fundi_Ogani
Nimesoma kimya toka mwanzo. Mnajadili D kama vile D ni mlima Kilimanjaro, haisogei. Imesogea.

Kuna kijiuma cha kupimia sauti cha 1751 kinachohusishwa na Handel. A yake ni mitetemo 422.5 kwa sekunde. A ya vinanda vyetu vya leo ni 440. Piga hesabu: sauti ya Handel ilikuwa chini ya yetu kwa kama asilimia 70 ya nusu toni. Kundi linalopiga muziki wa wakati ule kwa vyombo vya wakati ule leo huwa linashuka zaidi, 415, nusu toni kamili.

Maana yake ile G inayowaua sauti ya kwanza wa mwalimu, waimbaji wa Handel hawakuiimba kamwe. Waliimba kitu kilicho karibu zaidi na F shapu yetu. Karatasi imeandika D, masikio yao yalisikia karibu D flati.

Mwalimu, C ni mbali kidogo. Shusha nusu toni. Do iwe D flati.

#21 Besi_Mzito
Subiri. Yaani nikishusha nusu toni ndiyo naikaribia zaidi Haleluya ya Handel kuliko nikiiacha?

#22 Fundi_Ogani
Kwa masikio, ndiyo. Na mpiga kinanda wako hahitaji hata kujua. Abonyeze transpozi, kile kitufe cha kuhamisha sauti ya kinanda, kutoa moja. Vidole vyake vitabaki D meja, shapu zake mbili, heshima yake yote.

#23 Vibonyezo_Vitatu
Ngoja ngoja ngoja. D flati kwangu ni E flati kwenye vidole. Flati tatu! Huo ndio ufunguo wetu wa nyumbani. Mwalimu, usharika wenu uko wapi? Tukiwa huru Pasaka tunakuja watatu na matarumbeta yetu, nauli tu.

#24 NyuziNne
Na sisi nyuzi tunakufa. D flati meja: D flati, E flati, F, G flati, A flati, B flati, C. Tafuta humo G, D, A au E iliyo wazi. Hakuna hata moja. Madirisha yote mmefunga.

#25 Fundi_Ogani
Dada, si ulitusimulia Paganini alikaza nyuzi nusu toni juu? Wewe legeza nusu toni chini. Vidole D, nyuzi zote wazi, sauti D flati. Wapiga fidla wa muziki wa kale ndivyo wanavyoishi, 415 kila siku.

#26 NyuziNne
...
Nimejinyonga kwa uzi wangu mwenyewe. Sawa. Lakini mjue nyuzi zikilegezwa hazitulii, zinahitaji siku nzima mpaka zizoee. Siwezi kurudisha 440 katikati ya ibada kwa sababu ya wimbo wa sadaka.

#27 Msomi_wa_Bure
Kabla hamjapitisha azimio, nimerudi kwa Schubart kuangalia D flati. Anasema ni ufunguo usioweza kucheka. Unaweza kutabasamu tu.

#28 Juu_ya_Mstari
Kutabasamu kunatosha. Mkitaka sauti ya kwanza icheke, tulipeni.

#29 Besi_Mzito
Mrejesho. Jana mazoezi tumejaribu, transpozi kutoa moja. Sauti ya kwanza wamepumua kwa zamu kama dada alivyofundisha, G imesimama (au F shapu, au G flati, sijui niiteje tena). Besi wamemaliza chini kidogo ya walipoanzia, kwa hiyo kwa hesabu zangu tumegusa 415.

Mpiga kinanda alipiga mpaka mwisho akiwa ameridhika kabisa. Akasema, "Unaona? D ni D." Sijamwambia kitu.

Tatizo lililotokea ni moja. Tulipohamia wimbo wa sadaka alisahau kurudisha transpozi, na kiongozi wa nyimbo alikuwa ameshaanza kwa uma wake mfukoni, 440. Vibonyezo, njoo Jumamosi saa tisa, na uje na mtu wa kumkumbusha.